Aliyekata Rufaa Akifariki, Kesi Inaishia Wapi?

Ndugu msomaji, mtu anaweza kuhukumiwa kifungo, akakata rufaa, kisha akafariki kabla rufaa haijasikilizwa. Watu wengi hudhani kwamba kifo kimemaliza kila kitu. Si kweli. Kifo humaliza jambo moja na kuacha jingine. Hebu tuyatenganishe.

Kifungo

Jela ni adhabu ya mwili wa mtu. Mtu akishakufa, hakuna tena wa kufungwa wala wa kufunguliwa. Mtoto hawezi kumalizia kifungo cha baba yake, wala mke cha mumewe. Kwa hiyo Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985 inasema kwamba rufaa ya namna hiyo hukoma mrufani anapofariki. Kanuni za Mahakama ya Rufani za mwaka 2009 zinasema vivyo hivyo. Mahakama ikipata uthibitisho wa kifo, hutamka kuwa rufaa imekoma. Faili linafungwa.

Lakini angalia neno hili: kukoma si kushinda. Mahakama ya juu haikusema marehemu alikosa, wala haikusema alionewa. Haikufika huko. Hukumu ya chini inabaki kama ilivyoandikwa. Jambo hili huwauma sana ndugu wa marehemu, ila ndivyo sheria ilivyo.

Fedha na mali

Faini ni jambo jingine. Faini hugusa mali: shamba, mifugo, nyumba. Mali hiyo sasa ni ya warithi. Ndiyo maana sheria inasema rufaa ya kupinga faini haikomi kwa kifo. Kwa rufaa zilizoko Mahakama ya Rufani, kanuni zinataja pia fidia, gharama za kesi na kutaifishwa mali.

Tuchukue mfano. Mkulima amefungwa, tena ameamriwa kulipa fidia. Rufaa yake iko Mahakama ya Rufani. Anafariki gerezani. Upande wa kifungo umekwisha. Upande wa fidia je? Huo bado. Ndugu wakinyamaza, amri ya kulipa inabaki. Wakijitokeza, msimamizi wa mirathi anaweza kuomba aingie mahali pa marehemu ili rufaa isikilizwe.

Ndugu wafanye nini?

1. Wachukue cheti cha kifo.

2. Wapate nakala ya hukumu na kuisoma yote. Je, kuna faini? Kuna fidia? Kuna mali iliyotaifishwa?

3. Ukoo ukae kikao, upendekeze msimamizi wa mirathi. Kama mirathi ni ya kimila au ya Kiislamu, maombi hupelekwa Mahakama ya Mwanzo. Kikao hupendekeza tu; mahakama ndiyo inayomteua.

4. Msimamizi aende mapema kwenye mahakama yenye rufaa. Asingoje arobaini ipite, wala mavuno yaishe.

Asiye na fedha ya wakili asikate tamaa. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua wasaidizi wa kisheria, na msaada wao ni bure kwa wasio na uwezo. Ulizeni ofisi ya wilaya.

Basi, mwenye karatasi ya hukumu sandukuni aitoe leo aisome. Kusoma tumejifunza kwa ajili ya mambo kama haya.