Ndoa Yenu Ilianza Lini Hasa?

Hebu leo usiku wewe na mwenzi wako mfanye kajaribio kadogo. Kila mmoja aandike kwenye karatasi, bila kuchungulia ya mwenzake, tarehe mliyooana. Ni siku barua ya posa ilipojibiwa? Siku mahari ilipokabidhiwa? Siku ya kanisani? Au ni ile Jumamosi uliyohamishia begi lako kwake "kwa muda", na mpaka leo halijatoka? Nimewajaribu marafiki zangu kadhaa, na wengine wamekuja na tarehe zinazopishana mwaka mzima. Kicheko kilikuwa kingi, halafu kikafuata kimya fulani hivi.

Yupo padri aliyelishughulikia swali hili kwa miaka mingi, na ni mtu wa ukanda wetu huu huu. Anaitwa Bénézet Bujo. Alizaliwa mwaka 1940 Drodro, Ituri, mashariki mwa Kongo, kule Kiswahili kinakozungumzwa sokoni na kanisani. Akapata upadri mwaka 1967, akasoma Kinshasa kisha Würzburg, Ujerumani, akarudi Kinshasa kufundisha teolojia ya maadili. Mwaka 1989 akaenda kuwa profesa Fribourg, Uswisi, na huko akafundisha hadi mwaka 2010. Alifariki mwaka 2023. Kwa wanateolojia ni jina kubwa. Kwa sisi tunaohangaika na kamati za harusi ni jina geni kabisa, na hilo linaniudhi kidogo, kwa sababu alikuwa anatuzungumzia sisi.

Sheria ya Kanisa Katoliki, ile ya mwaka 1983, iko wazi: kinachofanya ndoa ni makubaliano ya wawili, na kwa kawaida yanatamkwa mbele ya padri au shemasi na mashahidi wawili. Kabla ya dakika ile hamjaoana, baada yake mmeoana. Ni kama swichi ya taa. Bujo alisema, kwa heshima lakini bila kuuma maneno, kwamba swichi hiyo ilifungwa kwenye nyumba ya watu wengine. Kwa Waafrika wengi ndoa huja kwa hatua: kuulizana, kutuma mshenga, kupokea, kutembeleana, kutoa, kuishi, kuzaa. Kila hatua inaongeza uzito. Tena si mkataba wa watu wawili tu. Ni agano la koo mbili, na ndani ya koo hizo anahesabu walio hai, waliotangulia na watakaozaliwa. Hoja hii aliiandikia kitabu kizima, kilichotoka kwa Kijerumani mwaka 2007 na kwa Kiingereza mwaka 2009. Yaani aliwaandikia Wazungu kuhusu ndoa zetu, akiwataka Kanisa lisizipime kwa kipimo kimoja tu.

Hoja hizo nilikuwa nazo kichwani mwezi uliopita nilipokwenda kusini, Mikindani. Kama hujafika, ni mji mdogo wa kale kandokando ya ghuba, kilomita chache tu kutoka Mtwara mjini, wenye nyumba za mawe, milango ya nakshi na Boma la Wajerumani la mwaka 1895. Wenyeji wengi ni Waislamu. Wenyeji wangu wao ni Wakatoliki: dada ni muuguzi, shemeji ni fundi umeme. Mahari ilishatolewa, na mtoto ameanza kukimbia. Mtaani dada anaitwa Mama Fulani, na hakuna jirani anayemwona kama mchumba. Kwenye Jumuiya yeye ndiye anayeanzisha nyimbo. Lakini Jumapili watu wakisimama kwenda Komunyo, yeye na mumewe wanabaki kwenye benchi.

Nikamuuliza kinachowazuia kufunga. Akacheka. "Dada, kamati!"

Basi unajua kinachofuata. Ukumbi mjini, MC, keki, sare za kina mama, sendofu, kicheni pati. Michango inangoja fedha za korosho, na bei ya korosho ikiwa mbaya, harusi inasogezwa mwaka mwingine. Wanangoja sherehe, ila wanaoumia ni wao wawili pale kwenye benchi.

Kwa hoja za Bujo, hawa si watu waliokaa tu "kihuni". Wako mbali sana kwenye safari ya ndoa, na Kanisa lingepaswa kulitambua hilo na kutembea nao, badala ya kuwaweka kapu moja na wanaojaribu tu. Hata Papa Fransisko, katika waraka wake wa mwaka 2016 kuhusu familia, alikiri kwamba wapo wanaoishi pamoja bila ndoa kwa sababu gharama za sherehe zimewashinda, akataka wapokewe na kusindikizwa. Kanuni ya Kanisa ilibaki ile ile.

Kuhusu mwili nako Bujo ana lake. Papa Yohane Paulo wa Pili alitoa katekesi 129 kati ya mwaka 1979 na 1984 kuhusu mwili, na kiini chake ni zawadi: mwanamume na mwanamke wanajitoa kila mmoja kwa mwenzake, kikamilifu. Inapendeza, na wengi tumefundishwa hivyo. Bujo anauliza: hao wawili wako peke yao kisiwani? Kwa mtazamo anaoueleza, mwili ni njia ambayo uhai wa ukoo unapitia, kwa hiyo tendo la ndoa halijawahi kuwa siri ya watu wawili tu. Ndiyo maana kulikuwa na watu maalumu wa kulifundisha.

Hapo kusini hawahitaji profesa kuwaambia hilo. Wana unyago. Mama mmoja mtu mzima, kungwi, alinieleza sebuleni kwake, huku akichambua dagaa, kwamba mwali hafundishwi kitandani tu. Anafundishwa usafi, adabu kwa wakwe, na namna ya kusema "leo hapana" bila kuvunja nyumba. (Hilo la mwisho lingetufaa wengi humu mjini.) Wamisionari wa zamani walilihangaikia sana. Huko Masasi, Vincent Lucas wa Kanisa la Anglikana, aliyekuwa askofu wa kwanza wa hapo kuanzia mwaka 1926, alijaribu kuufanya jando uwe wa Kikristo badala ya kuupiga marufuku. Leo malalamiko ni mengine, na ni ya haki: mabinti wanachezwa wakiwa wadogo mno, halafu shule inawashinda.

Nilimwuliza mama huyo kuhusu koo mbili za Bujo. Akasikiliza, kisha akauliza, "Mjomba yuko wapi hapo?" Swali zuri! Kwa Wamakonde na Wamakua ukoo kwa jadi unafuata upande wa mama, na mjomba ndiye mwenye kauli. Mume alikuwa anahamia ukweni. Kwingineko, ambako mke ndiye anayehamishwa na ng'ombe wanahesabiwa, "ukoo" una sura nyingine kabisa. Kwa hiyo mtu akisema "ndoa ya Kiafrika", muulize kwanza ni ya wapi.

Nami nina wasiwasi wangu. Ndoa ya hatua ni nzuri kama wote wawili wanapanda ngazi. Mmoja akikaa hatua ya tatu miaka minane, anayezeeka akisubiri ni nani? Mara nyingi ni mwanamke, na watoto wako naye. Bujo angejibu kwamba wazee wa pande mbili wako pale kukaa baraza na kumbana kijana. Sawa. Lakini wazee wetu siku hizi wako kijijini, sisi tumepanga chumba Mbagala, na baraza letu ni kundi la WhatsApp la michango. Swichi ya taa ina faida moja: kila mtu anajua kama imewashwa.

Ndiyo maana napenda kuwakumbusha dada zangu Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kifungu cha 160. Mkiishi pamoja miaka miwili au zaidi na watu wakawajua kama mume na mke, sheria inachukulia kuwa mmeoana, mpaka ithibitishwe vinginevyo. Na hata ikithibitishwa, mwanamke anaweza kuiomba mahakama matunzo yake na ya watoto. Serikali, kwa namna yake, ilimtangulia Bujo kwa miaka zaidi ya thelathini.

Siku ya kuondoka niliwauliza wenyeji wangu kama wanajua kwamba kanisani hakuna anayedai ukumbi wala keki. Mafundisho, matangazo ya ndoa, mashahidi wawili, misa ya kawaida ya asubuhi, basi. Shemeji alisema anajua. Akamtazama mkewe. Dada akasema tatizo si Baba Paroko, tatizo ni mama yake mkubwa, aliyechangia harusi za watu miaka ishirini na sasa anasubiri zamu yake.