Kompyuta ya Dubai na mchezo usiofunguka

Kompyuta zilizokwishatumika husafiri kutoka Ghuba hadi pwani ya Afrika Mashariki zikiwa bado na kumbukumbu za mmiliki wa kwanza. Mara nyingi kinachodhaniwa kuwa ni ubovu wa mashine ni mstari mmoja wa maandishi, na mstari huo haurekebishwi ndani ya mchezo wenyewe.

Katika eneo la Bur Dubai, kando ya barabara ya Khalid bin Al Waleed, maduka ya kompyuta yamesongamana kiasi kwamba wakaazi wengi huutaja mtaa huo kwa jina la bidhaa inayouzwa hapo. Huko, na katika masoko ya vitu vilivyotumika ya Sharjah iliyo jirani, ni miongoni mwa mahali ambapo Waafrika Mashariki wanaofanya kazi katika Umoja wa Falme za Kiarabu hununua mashine za kupeleka nyumbani. Awe mlinzi, dereva au muuguzi, hakosi mdogo wake au mpwa aliyemwahidi kompyuta.

Mashine hufika salama. Huwashwa, huandika barua, huonyesha filamu. Lakini kijana anapobofya mchezo wa kandanda ulioachwa ndani yake, skrini huwa nyeusi, au hutokea maandishi kwamba ishara inayopokewa imepita kiwango. Fundi wa mtaani huitazama kwa dakika mbili na kutangaza kwamba kadi ya picha imekufa. Fedha hutoka mfukoni mara ya pili, na wakati mwingine hutoka bure.

Mmiliki wa kwanza, aliyekuwa Dubai, huenda alitumia skrini pana yenye nukta 1920 kwa 1080, na mchezo ukakumbuka hivyo. Skrini iliyopo nyumbani ni ile ya zamani ya mraba, yenye nukta 1024 kwa 768. Ili kubadilisha kipimo, kijana hana budi kuingia kwenye menyu ya mchezo, na ili aione menyu, ni lazima kwanza mchezo uonekane. Ni kama mtu aliyefungia ufunguo ndani ya nyumba.

Kumbukumbu hukaa wapi?

Menyu ya mipangilio ambayo mchezaji huiona ndani ya mchezo ni dirisha tu. Anapochagua ukubwa wa picha, ubora wa vivuli au vibonyezo vya kukimbilia, mchezo huandika chaguo hilo katika faili ndogo iliyo nje yake, na kila unapowashwa huisoma faili hiyo kabla ya kuchora chochote kwenye skrini. Anayejua faili ilipo anaweza kuibadilisha wakati mchezo wenyewe umelala.

Hili si jambo jipya. Mchezo wa DOOM wa kampuni ya id Software ya Marekani ulipotoka Desemba 1993, mchezaji alilazimika kuendesha kwanza programu ndogo ya pembeni, setup.exe, akaueleza mchezo ni kadi gani ya sauti iliyomo ndani ya kompyuta. Majibu yake yaliandikwa katika faili iliyoitwa default.cfg, ambayo mtu yeyote aliweza kuifungua na kuisoma kama barua. Quake, uliofuata mwaka 1996 kutoka kampuni hiyohiyo, uliendeleza desturi hiyo, na wachezaji wakaanza kupeana faili zao za mipangilio kama wapishi wanavyopeana vipimo vya viungo.

Kwa wapenzi wa kandanda wa Afrika Mashariki, mfano ulio karibu zaidi ni Pro Evolution Soccer wa kampuni ya Konami ya Japani. Kwa miaka mingi mchezo huo ulikuja na programu yake ya pembeni, settings.exe, iliyowekwa katika folda ileile ya mchezo. Programu hiyo hufunguka kama dirisha la kawaida la Windows, kwa hiyo huonekana hata pale mchezo wenyewe unapokataa kuonekana. Humo huchaguliwa ukubwa wa picha, ubora wake na vibonyezo vya pedi. Michezo ya FIFA ya kampuni ya EA nayo ilikuwa na dirisha la namna hiyo. Ni jambo la kusikitisha kwamba vijana wengi huwekewa alama moja tu ya mchezo kwenye uso wa kompyuta, wasijue kuwa kando yake, ndani ya folda, kuna mlango wa pili.

Faili za kusomeka na zisizosomeka

Palipokosekana programu ya pembeni, faili yenyewe hutafutwa. Michezo mingi ya Windows huihifadhi katika folda ya hati za mtumiaji, mara nyingi ndani ya folda ndogo yenye jina la mchezo au la kampuni iliyoutengeneza. Mingine huificha katika folda iitwayo AppData, ambayo haionekani mpaka mtumiaji aiagize Windows kuonyesha vilivyofichwa. Mingine huandika chaguo zake katika rejista ya Windows, ambako asiye na uzoefu ni heri asiguse kitu. Katika Windows za miaka ya karibuni folda ya hati huenda imehamishiwa ndani ya OneDrive, na wengi hutafuta mahali pa zamani wakaambulia patupu.

Faili hizi si za aina moja. Katika Grand Theft Auto: San Andreas, uliotolewa kwa ajili ya kompyuta mwaka 2005 na ungali ukichezwa katika mashine dhaifu, mipangilio hukaa katika faili iitwayo gta_sa.set. Faili hiyo haisomeki. Ukiifungua kwa Notepad utaona alama zisizo na maana, na ukiihifadhi baada ya kuigusa utaiharibu. Dawa yake ni kuifuta tu. Mchezo ukiwashwa tena bila kuiona, huandika nyingine yenye vipimo vya awali, na tatizo mashuhuri la kipanya kukataa kufanya kazi katika Windows mpya mara nyingi huondoka nayo. Safari za mchezaji hazipotei, kwa kuwa huhifadhiwa katika faili nyingine.

Skyrim wa mwaka 2011, kutoka kampuni ya Bethesda, una faili inayosomeka, SkyrimPrefs.ini. Kila mstari una jina, alama ya sawasawa na thamani. Mistari ya iSize W na iSize H hutaja upana na urefu wa picha, na ule wa bFull Screen husema kama mchezo ujaze skrini yote au ukae ndani ya dirisha. Anayekabiliwa na skrini nyeusi huandika 0 katika mstari huo wa tatu, akapunguza namba katika ile miwili ya kwanza, akahifadhi.

Mstari wenye manufaa makubwa zaidi kwa mashine dhaifu ni ule wa vivuli, iShadowMapResolution. Mchezo huchora vivuli juu ya karatasi isiyoonekana yenye umbo la mraba, na namba iliyo katika mstari huo ni urefu wa upande mmoja wa mraba. Kuishusha kutoka 4096 hadi 1024 hakupunguzi kazi mara nne, kama inavyoweza kudhaniwa, bali hupunguza nukta za kuchorwa mara kumi na sita. Kingo za vivuli huwa na meno kama msumeno, lakini farasi hutembea bila kukwama.

Katika Skyrim hiyohiyo upo mstari ambao wachezaji wengi wameujutia. Ni iPresentInterval, unaofunga kasi ya picha kwenye kasi ya skrini. Ukiandikwa 0, picha hukimbia zitakavyo. Lakini watengenezaji walikuwa wamefunga pia mwendo wa vitu kwenye kasi hiyo ya picha, kwa hiyo katika mashine yenye nguvu sahani na vikombe huruka kutoka mezani mara mchezaji aingiapo chumbani. Kabla ya kubadilisha herufi yoyote, nakala ya faili iwekwe mahali pengine.

Njia nyingine ni kuuamrisha mchezo wakati wa kuuwasha. Katika Steam, duka la kampuni ya Valve, kila mchezo una mahali pa kuandika maagizo hayo, paitwapo Launch Options. Kwa Counter-Strike 1.6, mwenye skrini ndogo huandika: -windowed -w 1024 -h 768. Mchezo hutii maneno hayo hata kama faili yake inasema vingine.

Yaliyo katika Windows yenyewe

Si kila tiba imo katika faili za mchezo. Kompyuta nyingi za mpakato zina vifaa viwili vya kuchora picha, kimoja dhaifu kisichokula umeme na kingine chenye nguvu. Hutokea Windows ikaukabidhi mchezo kwa kile dhaifu, na mnunuzi akadhani ameuziwa mbuzi kwenye gunia. Tangu mwaka 2018 Windows 10 imekuwa na sehemu, chini ya mipangilio ya skrini, ambamo mtumiaji huchagua kila programu itumie kifaa kipi. Programu za kampuni za NVIDIA na AMD nazo humruhusu kuweka kikomo cha idadi ya picha kwa sekunde. Kuizuia mashine isipite picha 60, au hata 30, hupunguza joto lake, na hilo si dogo kwa anayecheza Mombasa mwezi Machi akisaidiwa na feni.

Lipo pia tatizo linalotokana na Ghuba yenyewe. Mmiliki wa kwanza alipoandika jina lake kwa herufi za Kiarabu, Windows iliunda folda yake kwa herufi hizo. Baadhi ya michezo ya zamani haizifahamu, ikashindwa kufungua au kuhifadhi mipangilio. Kubadilisha jina linaloonekana wakati wa kuingia hakusaidii, maana folda hubaki na jina la mwanzo. Kinachohitajika ni kufungua akaunti mpya ya mtumiaji kwa herufi za Kilatini, na mchezo uanzie humo.

Kebo ya Fujairah

Kuna mambo ambayo hakuna faili inayoweza kuyabadilisha. Mwaka 2009 kebo ya TEAMS iliunganisha Mombasa na Fujairah, mojawapo ya falme saba za Emirati, kwa takriban kilomita 5,000 chini ya bahari. Mwanga ndani ya nyuzi za kioo husafiri karibu kilomita 200,000 kwa sekunde. Kwa hiyo kwenda na kurudi tu ni milisekunde 50, kabla ya kuhesabu vituo vya njiani. Kijana wa Mombasa anayecheza na kaka yake aliye Dubai kupitia seva za Valve zilizoko huko hatashuka chini ya kiwango hicho, hata abadilishe mistari mingapi. Atakachoweza ni kuzuia kisiongezeke: kutumia waya badala ya mawimbi ya nyumbani, na kuahirisha upakuaji wa Windows hadi mchezo umalizike.

Baadhi hushauri kutumia VPN ili kutafuta njia fupi zaidi. Aliye Emirati atahadhari. Sheria ya makosa ya mtandao ya mwaka 2021, nambari 34, inaadhibu matumizi ya anwani bandia ya mtandao kwa nia ya kutenda kosa au kuzuia kosa lisigunduliwe, na faini yake huanzia dirham 500,000 hadi milioni mbili. Sheria haitaji michezo, lakini ni mishahara michache inayoweza kuhimili kesi ya namna hiyo.

Mpaka kati ya marekebisho na udanganyifu nao husogea. Kwa miaka mingi wachezaji wa Counter-Strike waliandika katika faili zao amri za kuunganisha vitendo kadhaa katika kibonyezo kimoja, na hakuna aliyewazuia. Agosti 2024 Valve ilipiga marufuku katika seva zake rasmi amri za aina hiyo zinazohusu kutembea na kufyatua. Aliyeendelea na faili yake ya zamani alijikuta akitolewa mchezoni.

Wapo wanaorekebisha kila kitu vizuri, wakazima kompyuta, na kesho yake wakakuta skrini nyeusi tena. Mara nyingi chanzo ni hifadhi ya Steam iliyo katika intaneti. Baadhi ya michezo hupeleka huko faili za mipangilio pamoja na safari za mchezaji. Mtu aliyecheza Dubai kwenye skrini pana, akaja likizo Tanga na kompyuta ndogo, huletewa vipimo vya Dubai kila anapoingia kwa akaunti yake. Hifadhi hiyo huzimwa kwa mchezo mmoja mmoja katika dirisha la sifa za mchezo. Baada ya hapo faili hufutwa au kurekebishwa kwa mara nyingine, na mchezo huwashwa huku kebo ya intaneti ikiwa imechomolewa.