KUUJUA MJI KWA MGUU NA KWA MDOMO: MATEMBEZI YA CHAKULA BUJUMBURA

Mtu aliyehamishiwa Bujumbura kwa kazi, yeye na jamaa yake, aghalabu huujua mji huo kwa njia tatu tu: njia ya kwenda kazini, njia ya kwenda sokoni na njia ya kurudi nyumbani. Huliona Ziwa Tanganyika likimetameta upande wa magharibi, na milima ya Kongo ng'ambo yake. Akigeuka, huviona vilima vya Burundi vimesimama nyuma ya mji kama ukuta. Yote hayo ni mazuri, lakini mwaka mzima waweza kupita bila yeye kujua ni nani hasa amlishaye. Ndugu msomaji, dawa ya ugonjwa huo ni rahisi: tenga nusu siku, tembea kwa miguu ukiongozwa na mwenyeji, na uonje kidogo kidogo pale ambapo watu wa mji wenyewe hula.

Katika baadhi ya nchi jambo hili limekuwa kazi kamili yenye kipato. Huko Edinburgh, mji mkuu wa Uskoti, mgeni hulipa ada na kukutana na kiongozi wake katika Mji Mkongwe, ambao pamoja na Mji Mpya uliingizwa mwaka 1995 katika orodha ya Urithi wa Dunia. Hupitishwa katika vichochoro vilivyo kando ya barabara itokayo ngomeni hadi kasri ya Holyrood, huku akionja vyakula vya nchi hiyo. Huonjeshwa haggis, yaani moyo, ini na mapafu ya kondoo, vilivyokatwakatwa na kuchanganywa na nafaka iitwayo oti, vitunguu na viungo, kisha kupikwa ndani ya tumbo la mnyama huyo. Huonjeshwa pia supu nzito ya samaki aliyekaushwa kwa moshi, yenye viazi na maziwa. Mtu wa Bujumbura akisikia habari hizo hatashangaa sana, maana supu ya utumbo anaijua, na samaki mkavu anamjua zaidi. Tofauti ni moja tu: kule kiongozi hulipwa na mpishi hulipwa. Kwetu, mwenyeji amwongozaye mgeni mara nyingi haambulii hata ahsante.

Wala jambo hili si jipya. Mwezi wa Novemba mwaka 1871, Mskoti mashuhuri David Livingstone pamoja na Henry Morton Stanley walisafiri kwa mtumbwi kutoka Ujiji hadi ncha ya kaskazini ya ziwa, ili wajue kama mto Rusizi huingia ziwani au hutoka humo. Walikuta kwamba huingia. Jiwe la ukumbusho wao lipo hadi leo huko Mugere, kilomita chache kusini ya Bujumbura, na majina yao mawili yamechorwa juu yake. Lakini wapiga makasia, wapishi na wakalimani waliowafikisha hapo hawakuandikwa jiweni. Yatupasa kulikumbuka jambo hilo kila tunapoongozwa na mtu.

CHAI YA ASUBUHI BUYENZI

Matembezi mema huanza mapema, kabla jua halijakuwa kali, nayo huanzia Buyenzi. Mtaa huu una barabara zilizonyooka, zinazoitwa kwa namba, hata mgeni hapotei kwa urahisi. Ndio moyo wa Kiswahili katika Burundi. Wajerumani walipojenga kituo chao cha kijeshi hapa Usumbura katika miaka ya 1890, askari wao, wapagazi wao na wafanya biashara waliotoka Ujiji, Manyema na pwani ndio walioizoesha lugha hii kando ya ziwa. Wabelgiji waliuteka mji mwaka 1916, na baadaye wakawatengea Waswahili makazi yao. Uhuru ulipopatikana tarehe 1 Julai 1962, mji uliitwa Bujumbura. Kwa hiyo askari wa leo anayeagiza chai kwa Kiswahili katika mtaa huu anaitumia lugha ambayo askari wa kale walisaidia kuipanda.

Kiongozi akiwa mwenyeji wa kweli, hatakupeleka kwanza kwenye chakula, bali kwenye salamu. Atamwamkia mzee aliyeketi barazani, naye mzee atauliza mgeni ni wa wapi. Ndipo zitakapokuja chai ya tangawizi, maandazi ya moto, chapati na sambusa. Usiagize vingi, kwani safari bado ni ndefu. Tazama badala yake jinsi mama wa maandazi anavyofanya kazi: ameamka watu wamelala, amekanda, ameumua na kuwasha moto, na kabla ya saa tatu asubuhi faida yake ya siku imekwisha kujulikana. Andazi moja lisilolipiwa laweza kuwa ndilo faida yenyewe.

Mtaa huu una sifa nyingine isiyoonekana sahanini. Katika miaka ya vita vilivyoanza Oktoba 1993, mitaa mingi ya Bujumbura iligawanyika kwa ukabila, na Waislamu wengi wa Buyenzi wakapata sifa ya kuwahifadhi majirani zao bila kuwauliza kabila. Watu waliozoea kula pamoja ni vigumu kuwatenganisha.

SOKONI, AMBAKO NCHI NZIMA HUKUTANA

Kutoka kwenye chai, mwongozaji hukupeleka soko la Ruvumera, lililo papo hapo Buyenzi. Soko kuu la katikati ya mji liliteketea kwa moto siku ya Jumapili, tarehe 27 Januari 2013, na wafanya biashara wengi wakapoteza mali yao yote kwa asubuhi moja. Wengi wao walitawanyika katika masoko ya mitaani, na Ruvumera likazidi kujaa. Kwa hiyo umwonapo mama amepanga mafungu yake ya nyanya mahali pembamba, fahamu kwamba huenda wakati mmoja alikuwa na meza yake.

Hapa kiongozi hufaa kuliko kitabu, maana hukuonyesha asili ya kila kitu. Mchele huu umetoka bonde la Imbo, kaskazini ya mji. Mafuta haya mekundu ni ya michikichi ya Rumonge, upande wa kusini. Maharage na ndizi vimeteremka kutoka vilimani. Unga wa muhogo ni wa ugali, na majani ya muhogo yaliyotwangwa ni ya isombe, mboga ipikwayo kwa mafuta ya mawese na pengine karanga. Akina mama wageni wasiipikie haraka mboga hii: majani ya muhogo yana sumu ya asili, nayo huondoka kwa kutwangwa vizuri na kuchemshwa kwa muda mrefu bila kufunikwa.

MWALONI: SAMAKI NA MWEZI

Hakuna aliyeijua Bujumbura bila kuwajua ndagala na mukeke. Wavuvi hutoka jioni wakiwa na taa. Mwanga huwavuta ndagala juu ya maji, na mukeke huja kuwala. Alfajiri wote wawili huwa katika wavu. Mbalamwezi inapokuwa kali, taa hizo hazivuti samaki, na mitumbwi mingi hupumzika. Ndiyo sababu mama wa Bujumbura mwenye busara hutazama mwezi angani kabla ya kupanga matumizi ya juma: mwezi mpevu maana yake ni samaki wachache na bei kubwa.

Hata hivyo, uchache wa siku hizi hautokani na mwezi peke yake. Tanganyika ni ziwa lenye urefu wa kilomita 670 hivi, na kina chake hukaribia mita 1,470. Linagawanywa na nchi nne, yaani Burundi, Kongo, Tanzania na Zambia. Wataalamu waliochapisha uchunguzi wao mwaka 2003 walieleza kuwa maji ya juu yamezidi kupata joto, hivyo hayachanganyiki vyema na maji ya chini yenye rutuba, na chakula cha samaki kinapungua. Ongeza hapo wingi wa wavuvi na nyavu zenye matundu madogo zinazokamata samaki wachanga. Mwaka 2024 Tanzania ilisimamisha uvuvi katika sehemu yake ya ziwa kuanzia tarehe 15 Mei hadi 15 Agosti, ili samaki wapate kuzaliana. Mnunuzi naye ana wajibu wake: akikataa samaki wachanga, mvuvi atakosa sababu ya kuwavua.

NDAGALA JIKONI MWAKO

Matembezi yasiyofika jikoni ni hasara. Ununuapo ndagala wakavu, uliza walikaushwa wapi. Waliotandazwa chini huwa na mchanga, na waliokaushwa juu ya vichanja vya wavu huwa safi zaidi. Chagua wanaong'aa na wasio na harufu kali. Waloweke katika maji ya vuguvugu kwa dakika chache, uwaoshe mara tatu, kisha uwachuje mpaka maji yaishe. Wakaange kidogo katika mafuta na uwaweke kando. Katika mafuta hayo kaanga vitunguu, utie nyanya na pilipili. Zikishaiva, rudisha ndagala na uache sufuria juu ya moto mdogo kwa dakika tano. Kula kwa ugali wa muhogo au ndizi zilizopikwa. Samaki huyu huliwa mzima, pamoja na mifupa yake, kwa hiyo huwapa watoto chokaa ya kuimarisha meno na mifupa.

CHAKULA CHA MCHANA

Jua linapofika utosini, safari huishia penye moshi wa makaa. Huko utapata mishikaki ya mbuzi, ambayo wenyeji wengi huiita burusheti, pamoja na ndizi za kuchoma na pilipili kali. Ama utapata mukeke mzima aliyechomwa au kukaangwa, akapambwa kwa vitunguu. Wapendao maziwa ya mgando wataulizia ikivuguto. Keti, ule polepole, na umpe nafasi kiongozi wako naye ale. Si adabu kuongozwa na mtu mwenye njaa.

Katika yote hayo, afya isisahauliwe. Bujumbura imewahi kupata kipindupindu, na mlipuko mmoja ulitangazwa Januari 2023. Kula kilicho moto, kilichopikwa mbele yako. Osha mikono kwa sabuni kabla ya kugusa chakula, kunywa maji yaliyochemshwa, na matunda uyamenye mwenyewe. Palipo na inzi wengi na maji machache, salimu, kisha upite.

SARE SI KIBALI CHA KULA BURE

Limebaki neno moja, nalo twaliweka mbele ya wasomaji wetu walio katika majeshi na polisi. Raia aingiapo mkahawani ni mteja tu. Avaaye sare huingia na serikali nzima mabegani mwake. Muuzaji humwogopa hata kama yeye hakukusudia kutisha, na kwa hofu hiyo aweza kusema kwamba hakuna malipo. Usilikubali neno hilo. Lipa, tena lipa kabla ya kula, na kama chenji ni ndogo mwachie. Mama yule hana mshahara wa mwisho wa mwezi. Mtaji wake wote umo katika karai lile la mafuta.

Aidha, faida ya kulipa hairudi kwa muuzaji peke yake. Polisi anayejulikana kwa jina na mama wa maandazi, na mzee wa barazani, na kijana wa samaki, hupata habari za mtaa mapema kuliko yule anayepita kwa gari vioo vimefungwa. Jamaa za askari nao hupata majirani. Mtoto akiugua usiku, jirani ndiye ajuaye aliko mwenye gari. Mtu ni watu.

Twashauri basi kwamba wageni wanapofika, kazi ya kuwaongoza wapewe wenyeji wenyewe, hasa akina mama na vijana wa mitaa, na ada wakubaliane waziwazi kabla ya kuondoka. Familia mbili au tatu za kambini zaweza kuchanga na kumlipa mwongozaji mmoja kwa asubuhi moja. Ada hiyo itazunguka papo hapo mtaani: kwa mpika chai, kwa mwenye mchele, kwa mvuvi. Jumamosi ijayo, wewe na jamaa yako, vaeni viatu vya kutembelea, chukueni faranga ndogo ndogo za kutosha, mtafuteni mwenyeji, mkatembee. Na kabla hamjaonja chochote, ulizeni jina la aliyekipika.