Ukipata Mtoto, Ubingwa Unakwenda Wapi?

Kuna swali ambalo wachumba wengi wanalikwepa kama deni la dukani. Ukumbi wataujadili, kamati ya harusi wataijadili, mpaka keki iwe na ngazi ngapi. Lakini kumuuliza mwenzako, "Tukipata mtoto, kazi yangu itakuwaje?", hakuna anayethubutu. Wanasubiri mimba ifike miezi saba, hapo ndipo kelele zinapoanza.

Mimi ni mpenzi wa sataranji, ule mchezo wa mfalme na malkia ambao wengine mnauita chesi. Si fundi, naufuatilia tu. Na katika kufuatilia kwangu sijaona familia inayolifundisha swali hili vizuri kama ya akina Polgár wa Budapest, Hungaria. Mabinti watatu, malezi yale yale, lakini ndoa na watoto vilipokuja, kila mmoja akapita njia yake.

Barua za uchumba

Baba yao, László Polgár, mwanasaikolojia wa elimu, aliamini kwamba kipaji hakizaliwi bali kinatengenezwa. Alipokuwa akiandikiana barua na Klara, mwalimu aliyekuwa akiishi Ukraine wakati huo, alimweleza waziwazi jinsi anavyotaka kuwalea watoto wao. Klara aliolewa mwaka 1967 akijua anaingia kwenye nini. Wangapi kati yetu tunaweza kusema hivyo?

Wakapata wasichana watatu: Susan mwaka 1969, Sofia mwaka 1974 na Judit mwaka 1976. Waliwasomesha nyumbani, jambo ambalo wakuu wa serikali ya wakati ule hawakulipenda hata kidogo. Mama ndiye aliyekuwa akisafiri nao kwenda mashindanoni.

Matokeo? Susan akiwa na miaka 4 alichukua ubingwa wa wasichana wa Budapest walio chini ya miaka 11, alishinda mechi zote 10. Mwaka 1988 dada hao watatu, pamoja na Ildikó Mádl, waliipa Hungaria dhahabu ya wanawake kwenye Olimpiadi ya Sataranji kule Thessaloniki, Ugiriki. Wasovieti walikuwa wamezoea kuibeba, safari hiyo wakaambulia macho. Mwaka uliofuata Sofia, miaka 14, aliingia mashindano ya Rome yaliyokuwa na vigogo kibao, akapata pointi 8 na nusu kati ya 9. Si mchezo!

Ugrandmasta si zawadi

Hebu tuelewane hapa kidogo. Grandmasta ni cheo cha juu kabisa kinachotolewa na shirikisho la sataranji duniani, FIDE, ukiacha ubingwa wa dunia wenyewe. Ukishakipata, ni chako maisha. Lakini kukipata ni shughuli: lazima ufikishe alama 2500 za ubora, tena ufanye vizuri kwa kiwango maalumu katika mashindano kadhaa mazito. Mpaka leo magrandmasta wamepita 2000 duniani, na wanawake kati yao hawafiki 50.

Susan alikipata Januari 1991, mwanamke wa kwanza kukipata kwa kupita ngazi zote za kawaida kama wanaume. Desemba mwaka huo huo mdogo wake Judit naye akakipata, akiwa na miaka 15 na miezi 4. Akavunja rekodi ya Mmarekani Bobby Fischer iliyodumu tangu 1958. Binti mdogo, na rekodi haikuwa ya wanawake, ilikuwa ya watu wote.

Judit hakutaka kabisa kugombea ubingwa wa dunia wa wanawake. Alitaka kukaa meza moja na bora wa dunia, basi. Mwaka 2002 kule Moscow, katika mechi ya mchezo wa kasi, alimfunga Garry Kasparov, aliyekuwa namba moja duniani na ambaye miaka ya nyuma alikuwa akiwabeza wanawake kwenye mchezo huo. Natamani ningekuwepo nimwone uso!

Kisha wakaolewa

Sasa tufike penyewe. Susan alikuwa bingwa wa dunia wa wanawake tangu 1996. Mwaka 1999 akapata mtoto wake wa kwanza. Aliomba mechi ya kutetea taji isogezwe mbele ili apate nafuu. FIDE ikaendelea bila yeye. Taji likaondoka bila hata kete moja kusogezwa, naye akalifungulia shirikisho kesi. Dada yangu unayesoma hapa, ukitoka likizo ya uzazi ukakuta meza yako ina mtu mwingine, hii habari huhitaji kutafsiriwa.

Hakuishia hapo. Mwaka 2004 alirudi na timu ya wanawake ya Marekani, wakapata medali ya fedha ya Olimpiadi, kisha akawa kocha wa vyuo vikuu.

Sofia aliolewa mwaka 1999, akahamia Israel, akaachana na mashindano na kugeukia sanaa na familia. Kuna wanaomsikitikia. Mimi simsikitikii, kwani kuacha kazi kwa hiari yako si sawa na kuachishwa.

Judit aliolewa mwaka 2000 na Gusztáv Font, daktari wa mifugo. Januari 2004 alikuwa wa 8 duniani, Agosti akajifungua Olivér. Januari 2005 yuko Wijk aan Zee, Uholanzi, anapambana na vigogo. Julai 2005 akafikisha alama 2735, nyingi kuliko alizowahi kuwa nazo kabla ya kuzaa! Hakuna mwanamke mwingine aliyewahi kuvuka 2700. Baadaye mwaka huo alishika mkia kwenye ubingwa wa dunia kule San Luis, Argentina, na mwaka 2006 akamzaa Hanna. Lakini mwaka 2011 alifika robo fainali ya Kombe la Dunia. Alistaafu Agosti 2014, akiwa na fedha ya Olimpiadi aliyoipata na timu ya wanaume ya Hungaria.

Mzungumze mapema

Mtoto wa miezi mitano hajilei. Mama akikaa mezani saa tano mfululizo anawaza farasi na ngome, kuna mtu amembeba huyo mtoto. Mtu huyo hapatikani kwa bahati, anapatikana kwa mazungumzo.

Kaka, usiseme "mke wangu namruhusu kufanya kazi" ukadhani umemaliza. Nani ataamka usiku? Nani ataomba ruhusa kazini mtoto akipata homa? Akipata ofa ya mkoa mwingine, mtafanyaje? Na wewe dada, usinyamaze ukitegemea atajua mwenyewe. Kama unataka kuendelea, sema. Kama unataka kupumzika miaka miwili mitatu, sema pia, wala si aibu.

László na Klara waliyamaliza haya kabla ya harusi. Wiki hii zimeni simu, muulizane. Majibu mengine yatawakera, lakini heri yawakere sasa mkiwa wawili.