Faili Jipya Mbele ya Programu ya Zamani

Askari wa kituo cha mpakani akipokea ujumbe ulioandikwa kwa msimbo mpya, ilhali mkononi ana kitabu cha msimbo wa zamani, hataweza kuusoma hata awe hodari namna gani. Hali kama hiyo huwapata wanamuziki wanaorekodi kwa kompyuta, na aghalabu huwapata siku ile ambayo kazi yao inangojewa.

Ndugu msomaji, kompyuta inaporekodi wimbo haihifadhi sauti peke yake. Huandika pia faili la mradi, yaani daftari la maagizo: ngoma iingie wapi, tarumbeta ipunguzwe kiasi gani, sauti ya mwimbaji ipitishwe katika zana ipi.

Tutazame programu iitwayo Live, ya kampuni ya Ableton ya mjini Berlin, Ujerumani. Toleo lake la kwanza lilitoka mwaka 2001, la 11 mwaka 2021 na la 12 mwaka 2024. Toleo la 12 hufungua kazi iliyofanywa kwa toleo la 11. Lakini kazi ikishahifadhiwa kwa toleo la 12, toleo la 11 huikataa. Wala hakuna njia ya kuihifadhi kwa muundo wa toleo lililotangulia.

Sababu yake ni dhahiri. Toleo jipya huja na zana mpya, kama Roar, ya kukoleza na kukwaruza sauti, iliyoingia na toleo la 12. Toleo la zamani halikufundishwa zana hizo, kwa hiyo haliwezi kutii maagizo yanayozitaja.

Wako wanaotumia hila. Faili la Live ni maandishi yaliyobanwa. Wao huyafungua na kubadili namba ya toleo. Pengine hufanikiwa, pengine kazi huvurugika. Kubadili cheo katika kitambulisho hakumpi mtu mafunzo ya cheo hicho. Programu ya Pro Tools, ya kampuni ya Avid, inaweza kutoa nakala kwa muundo wa zamani, lakini yale ambayo toleo la zamani haliyajui huachwa nje.

Basi, bendi inayorekodi katika studio moja na kumalizia katika nyingine yafaa ifanyeje? Kwanza, studio zote mbili ziulizane matoleo yao kabla ya kazi kuanza. Pili, kabla ya kuhamia toleo jipya, itunzwe nakala ya faili la zamani bila kuguswa. Tatu, kila chombo kitolewe peke yake katika faili la WAV, muundo uliotoka mwaka 1991 na unaosomwa karibu na programu zote. Mafaili yote yaanzie nukta moja ya mwanzo, na mwendo wa wimbo uandikwe kando. Noti zilizopigwa kwa kinanda cha kompyuta zitolewe kwa MIDI, ambayo kanuni zake zilitangazwa mwaka 1983. Lakini ikumbukwe kwamba MIDI hubeba noti, haibebi sauti ya chombo.

Kazi hiyo ni ya muda mfupi, na faida yake ni kubwa. Mpiga tarumbeta aliyekwisha kustaafu haitwi tena kurudia wimbo kwa sababu ya faili lisilofunguka. Wahenga walinena: kipya kinyemi, ingawa kidonda. Tukipokee kipya, lakini nakala ya zamani tusiitupe.