Deraya Huhesabiwa kwa Kilo: Risasi, Chuma na Vita vya 1916 chini ya Kilimanjaro

Pleti ya chuma ya futi nane kwa nne, unene wa milimita 6, ambayo mafundi wa kuchomelea wa Moshi huikata kila siku, ina uzito wa kilo 140. Ya milimita 10 hufika kilo 234. Kanuni yake ni fupi: mita moja ya mraba hubeba kilo 7.85 kwa kila milimita ya unene. Anayetaka chuma cha kuzuia risasi hulipa kwanza dukani, kisha hulipa tena kila anapokisafirisha. Malipo haya ya pili ndiyo husahaulika.

Eneo hili liliwahi kushuhudia hesabu hiyo ikifanyika vitani, katika Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia. Tarehe 12 Februari 1916 Waingereza walishambulia kilima cha Salaita, mashariki ya Taveta, wakarudishwa nyuma. Miongoni mwa zana zao yalikuwamo magari ya deraya ya Rolls-Royce, kila moja likiwa na tani 4.7 hivi na mabamba yasiyozidi milimita 12. Askari wa jeshi la Wajerumani walioyakabili magari hayo walikuwa na bunduki za vizazi viwili: Mauser ya 1871, inayotumia baruti ya moshi mzito, na Mauser 98 ya baruti isiyo na moshi. Meli ya Rubens ilikuwa imewaletea bunduki mpya zipatazo 1,800 mwezi Aprili 1915.

Ukiziweka risasi za bunduki hizo mbili mkononi, ya zamani ndiyo itakayokutisha, kwa kuwa ina kipenyo cha milimita 11 na uzito wa gramu 25. Lakini chuma hakitishwi na unene wa risasi. Kinachokitoboa ni nishati iliyokusanywa mahali padogo, kama kisigino chembamba kinavyotoboa zulia ambalo buti halikuliachia hata alama. Uzito wa risasi ukizidi mara mbili, nishati huzidi mara mbili. Mwendo ukizidi mara mbili, nishati huzidi mara nne. Hizi hapa ni hesabu za takribani, risasi ikitoka mdomoni mwa bunduki:

– Bastola ya milimita 9: gramu 8, mita 360 kwa sekunde, jouli 520, jouli 8 kwa kila milimita ya mraba.
– Mauser ya 1871: gramu 25, mita 440, jouli 2,420, jouli 24.
– AK ya 7.62: gramu 8, mita 715, jouli 2,050, jouli 42.
– Bunduki ya 5.56: gramu 3.6, mita 990, jouli 1,760, jouli 69.
– Mauser 98 ya 7.92: gramu 10, mita 878, jouli 3,850, jouli 73.

Tazama namba ya mwisho ya kila mstari. Risasi nyembamba ya Mauser 98 inakandamiza chuma mara tatu ya ile nene ya 1871. Risasi ya 5.56, nyepesi kuliko zote, inaishinda AK na kukaribiana na Mauser 98. Hata hivyo namba hiyo haimalizi yote, kwani mwendo wenyewe nao una uzito: kuna pleti zinazozuia risasi ya 7.62 ya NATO, iliyo nzito na yenye kasi kuliko ya AK, ambazo 5.56 yenye kasi zaidi huzipenya.

Namba ya pili ya kuangalia ni ugumu wa chuma, unaopimwa kwa kipimo cha Brinell. Chuma laini cha mageti na matrela kina ugumu wa takribani 120 hadi 150. Chuma cha kuhimili msuguano, kinachowekwa kwenye ndoo za katapila na mabodi ya malori ya machimbo, hufika 400 hadi 500. Chuma cha deraya nacho huanzia humo humo, na hapo ndipo watu hudanganyika. Chuma cha katapila kimetengenezwa kishindane na mawe. Kiwanda hakikuahidi kwamba kila sehemu ya pleti itazuia risasi. Isitoshe, joto la kuchomelea hulainisha chuma kigumu kandokando ya mshono, na risasi haichagui pa kugonga.

Kwa hiyo kipimo cha kweli hakiishii kwenye risasi moja iliyogoma kupita. Kiwango cha Marekani kinachoitwa NIJ, katika toleo lake la 2008, kilitaka kinga ya daraja la tatu ipigwe risasi sita za 7.62 ya NATO, gramu 9.6, kwa mwendo wa mita 847 kwa sekunde, kutoka mita 15. Wahandisi pia hutafuta mwendo ambao nusu ya risasi hupenya na nusu hukwama. Bila mwendo na umbali kuandikwa, maneno “haipenyi risasi” hayana maana.

Kila kinga ina mkubwa wake. Katika mapigano ya Kahe, kwenye eneo hili hili, tarehe 21 Machi 1916, Wajerumani walitumia mzinga wa milimita 105 ulioopolewa kutoka meli ya Königsberg, iliyoangamia Rufiji mwaka uliotangulia. Kombora lake la kilo 17.4, kwa mita 690 hivi kwa sekunde, lilibeba jouli milioni 4.1, sawa na risasi zaidi ya elfu moja za Mauser 98, na hapo hatujahesabu baruti iliyomo ndani yake. Hakuna bamba la milimita 12 la kulijibu. Baada ya Kahe ikaingia masika, na mapigano ya eneo hili yakasimama. Katika udongo ulioloa, kila kilo ya deraya ni mzigo wa matairi.

Hesabu hiyo haijabadilika. Kufunika mita 10 za mraba za pikapu kwa chuma kigumu cha milimita 6.5 kunahitaji kilo 510. Gari linalobeba tani moja limeshapoteza nusu ya mzigo wake. Ukikwepa gharama na kuweka chuma laini cha milimita 12, unafika kilo 942, na nafasi inayobaki haitoshi hata kwa dereva.