Mwelekezi wa filamu bubu aliyeleta sauti Afrika Mashariki

WATAZAMAJI wa filamu mjini Awasi, kwenye barabara ya Kisumu kuelekea Kericho, leo hawashangai kusikia picha ikizungumza. Mnamo 1929 jambo hilo lilikuwa geni, na Hollywood ililijaribu papa hapa Afrika Mashariki.

Aliyetumwa ni W. S. Van Dyke, Mmarekani aliyezaliwa San Diego mwaka wa 1889. Alijifunza kazi akiwa msaidizi wa D. W. Griffith katika filamu bubu ya Intolerance (1916), kisha akaelekeza filamu nyingi za makoboi.

Kampuni ya MGM ilimleta Kenya, Uganda, Tanganyika na Kongo kupiga Trader Horn. Mitambo ya sauti ya enzi hizo ilikuwa mizito na migumu kutumia porini, hivyo baadhi ya matukio yalipigwa upya Marekani. Mutia Omoolu, mwigizaji kutoka Kenya, alisafirishwa huko kukamilisha kazi.

Filamu hiyo ilitoka mwaka wa 1931 na kuteuliwa kuwania tuzo ya Oscar. Van Dyke alizidi kung'ara katika enzi ya sauti, hasa kwa The Thin Man (1934), hadi alipofariki mwaka wa 1943.

Hata hivyo, picha zilizosalia za safari hiyo zilitiwa katika Tarzan the Ape Man (1932), hadithi ya mwandishi ambaye hakuwahi kukanyaga Afrika. Hivyo ulimwengu ukaiona nchi yetu, lakini simulizi ilikuwa ya wengine.